Ramani moja, kutoka Njombe hadi Lindi

Katika mwaka wa fedha 2018/19 Serikali ya Tanzania ilitenga shilingi bilioni 105 za kujenga hospitali 67 za halmashauri. Ukigawa, kila hospitali inaangukiwa na kama bilioni moja na nusu. Fedha hizo zilikuja na orodha ya majengo saba: utawala, wagonjwa wa nje, maabara, mionzi, stoo ya dawa, wazazi na kufulia. Kazi ilifanywa kwa fosi akaunti, maana yake halmashauri inanunua vifaa yenyewe na kuajiri mafundi, huku kamati ikihesabu mifuko ya saruji inayoingia na kutoka. Wodi za wanaume, wanawake na watoto zilisubiri mafungu ya baadaye.

Sina ugomvi na mpango wenyewe. Aliyewahi kupakia mjamzito kwenye bodaboda usiku kwenda hospitali ya wilaya ya jirani hawezi kubeza hata jengo moja kati ya hayo saba. Ugomvi wangu ni na orodha. Tumezoea kupanga hospitali kwa kuhesabu majengo, halafu kwenye uzinduzi tunasomewa majengo hayo moja baada ya jingine na kupiga makofi. Yale yanayopita kati ya jengo na jengo, na ndani ya kila jengo, hayamo kwenye orodha: hewa, maji, machela, shuka zenye damu, maiti, ndugu aliyebeba hotpoti ya uji. Hayo ndiyo yanayoamua kama mtu atatoka hospitalini akiwa amepona au na ugonjwa ambao hakuja nao.

Anza na dirisha. Siku hizi dirisha la jengo la umma ni la aluminiamu, vioo viwili vya kusukuma, kimoja kikijificha nyuma ya kingine. Linapendeza, halili kutu, na fundi analifunga kabla ya chai ya saa nne. Lakini lifungue mpaka mwisho uone: nusu yake bado imezibwa, kwa sababu kioo kilichosukumwa lazima kikae mahali. Dirisha la upana wa mita moja na nusu linakupa sentimita 75 za hewa. Weka na wavu wa mbu, ambao hatuwezi kuuacha, nao unaipunguza kasi ya upepo. Luva za zamani, zile za vioo vya kugeuza kwa mkono, zilikuwa na kero zake. Vioo vilivunjika na vibaka walivichomoa kimoja kimoja. Ila zikifunguliwa, zilifunguka karibu zote. Kwenye mchanganuo wa gharama dirisha lina idadi, upana, kimo na bei. Halina safu ya hewa, kwa hiyo aliyebadilisha luva kwa kioo cha kusukuma hakuona kwamba amepunguza kitu chochote.

Shirika la Afya Duniani lilitoa mwongozo mwaka 2009 kuhusu hewa ya asili hospitalini. Kwa wodi ya kawaida linataka lita 60 za hewa safi kila sekunde kwa kila mgonjwa. Kwa chumba cha mwenye ugonjwa unaosambaa hewani, lita 160. Chukua wodi ya vitanda 20 yenye mita za mraba 120 na dari ya mita tatu. Hesabu inakuja kwamba hewa yote ya wodi hiyo inatakiwa ibadilike mara 12 kwa saa, yaani kila baada ya dakika tano. Sasa shusha dari kwa jipsamu, kama tunavyopenda ili feni na taa zikae vizuri, kisha funga nusu ya kila dirisha. Usiku unapoingia, baridi ikianza, wagonjwa wanamalizia nusu iliyobaki.

Kuna mahali tunajua gharama ya jambo hili kwa hesabu ya watu. Tugela Ferry ni mji mdogo wa vijijini katika jimbo la KwaZulu-Natal, Afrika Kusini. Mwaka 2006 madaktari walitangaza walichokikuta huko: kifua kikuu sugu kwa karibu kila dawa iliyokuwepo, wagonjwa 53, wakafa 52. Nusu yao walifariki ndani ya siku 16 tangu makohozi yao yachukuliwe. Wote waliopimwa VVU walikuwa navyo. Zaidi ya nusu hawakuwahi kutibiwa kifua kikuu hata mara moja, kwa hiyo usugu huo hawakuutengeneza wenyewe kwa kuacha dawa. Walivuta kwenye hewa vijidudu vilivyokwisha kuwa sugu. Na theluthi mbili yao walikuwa wamelazwa hospitalini muda mfupi kabla. Unaweza kuisoma habari hiyo kama habari ya dawa na virusi, na ni kweli. Mimi naisoma pia kama habari ya wodi.

Mwaka uliofuata watafiti walitangaza matokeo ya vipimo vya hewa walivyofanya katika hospitali za Lima, Peru, na hapa ndipo wajenzi wangepaswa kukaa chini na kusoma. Wodi zilizojengwa kabla ya 1950, zenye dari ndefu na madirisha makubwa, zilibadilisha hewa kama mara 40 kwa saa madirisha yakiwa wazi. Wodi za kisasa zinazotegemea madirisha zilifika 17. Vyumba vya kubadilisha hewa kwa mitambo, vilivyojengwa mahsusi kwa wagonjwa wa kifua kikuu vilikuwa vya mara 12. Kwa makadirio yao, mtu akiwekwa karibu na wagonjwa ambao hawajaanza tiba, hatari ya kuambukizwa kwenye majengo ya kizee ilikuwa asilimia 11, na kwenye vyumba vya mitambo asilimia 39. Majengo ya kizee yaliyashinda mapya bila swichi hata moja.

Yalijifunza wapi? Kwa Florence Nightingale, muuguzi Mwingereza wa karne ya 19, kwa sehemu kubwa. Baada ya vita vya Krimea aliwashikia bango wajenzi wa hospitali Uingereza mpaka wakakubali wodi ndefu nyembamba, madirisha yakitazamana pande mbili, kila wodi ikiwa jengo lake. Hospitali ya St Thomas' ya London ilifunguliwa kwa mtindo huo mwaka 1871. Ajabu ni kwamba nadharia yake ya ugonjwa ilikuwa ya hewa mbaya na harufu, na kwa miaka mingi hakuwa na imani na maambukizi kama tunavyoyafahamu leo. Alikosea sababu, akapatia dirisha.

Wakoloni walikuja na fikra hizo huku kwetu. Hospitali ya Ocean Road, Dar es Salaam, iliyojengwa na Wajerumani na kufunguliwa 1897, imeelekezwa baharini, ina varanda pana na matao, kuta zikikaa kivulini. Ilikuwa ya Wazungu. Mwafrika na Mhindi walikuwa na mahali pao kwingine, na hilo lisisahaulike tunaposifu matao. Lakini aliyeichora alijua upepo wa pale unatoka wapi. Leo ni Taasisi ya Saratani, na nyuma ya matao hayo tiba ya mionzi inahitaji vyumba vya kuta za zege nene kama mita moja au zaidi, kitu ambacho hakuna mtu wa 1897 angekiwaza. Vikawezekana kwa sababu eneo lilikuwa na nafasi. Nitarudi kwenye nafasi.

Mfano wa karibu zaidi, na wa kwetu zaidi, uko Rwanda. Wilaya ya Burera, kaskazini, mpakani na Uganda, ilikuwa na watu zaidi ya 300,000 na haikuwa na hospitali ya wilaya inayofaa jina hilo. Januari 2011 ilifunguliwa hospitali ya Butaro, vitanda kama 150, juu ya kilima palipokuwa na kambi ya jeshi. Wizara ya Afya ya Rwanda na shirika la Partners In Health la hayati daktari Paul Farmer wa Marekani ndio waliokuwa nyuma yake. Wachoraji wa ramani walikuwa kundi changa, MASS Design Group, ambalo mwanzilishi wake mmoja, Michael Murphy, alikuwa bado mwanafunzi alipomsikia Farmer akizungumza. Yaliyotokea Tugela Ferry walikuwa nayo mezani wakati wanachora.

Tazama walichofanya. Korido za ndani, ambamo wagonjwa wanaokohoa hukaa kwenye benchi kwa muda wa saa nne wakisubiri kuitwa, waliziondoa. Watu wanapita na kusubiri nje, chini ya paa. Ndani ya wodi vitanda havikuegemezwa kwenye kuta za nje chini ya dirisha kama tulivyozoea. Viliwekwa katikati, vichwa vikiegemea ukuta mfupi uliobeba plagi na oksijeni, na kila mgonjwa akalala akitazama dirisha na milima. Paa likainuliwa, madirisha ya juu yakaachwa ili hewa ya moto ipande na kutoka, feni kubwa za polepole zikaisukuma juu, na huko juu taa za urujuanimno zikaua vijidudu. Sakafu ilimwagwa bila maungio, ili uchafu usipate pa kujificha.

Kuhusu mgonjwa kutazama nje, msidhani ni mbwembwe. Katika utafiti uliotoka mwaka 1984, mtafiti Roger Ulrich alilinganisha wagonjwa 46 waliofanyiwa upasuaji wa nyongo katika hospitali moja ya Pennsylvania. Nusu yao walikuwa na dirisha linaloona miti, nusu dirisha linaloona ukuta wa matofali. Wa miti walitoka mapema kidogo na walihitaji dozi chache za dawa kali za maumivu. Ni utafiti mdogo, lakini kuupata mti huku kwetu ni rahisi kuliko kuipata morfini.

Na kuta za Butaro ni za mawe ya volkano, yale meusi yenye vitundu ambayo mkulima wa Burera huyatoa shambani kama kero. Waashi wa hapo hapo walichonga na kuyapanga, na ujuzi wao ulikua kadiri ukuta ulivyosonga. Ukuta wa mwisho ukawa mzuri kuliko wa kwanza. Hivyo ndivyo fosi akaunti ingepaswa kuwa: fundi wa kijiji anafanya kazi na mchoraji aliye saiti kila siku, anayejua kwa nini dirisha lile limewekwa juu vile.

Butaro ilikuwa na bahati yake, nakubali. Ilikuwa na jina la Farmer na marafiki wa Boston. Feni za namna ile hazipatikani kwa muuza vifaa vya umeme wa makao makuu ya wilaya. Na ramani yenyewe ni ya nyanda za juu. Ukiipeleka Kilwa kama ilivyo utakuwa umerudia kosa lile lile ninalolilalamikia. Kinachohamishika ni utaratibu wa kuuliza: hapa watu wanaumwa nini, upepo unatoka wapi, mawe ni ya aina gani, mgonjwa atasubiri wapi.

Maana sisi tuna ramani moja. Jengo la wazazi lile lile, na madirisha yale yale, linaweza kusimama Njombe, ambako Juni na Julai watu wanalala na mablanketi mawili, na Lindi, ambako saa nane mchana hata paka hatembei. Nchi iliyo karibu na ikweta ina kanuni rahisi: upande mrefu wa jengo utazame kaskazini na kusini, ili jua la asubuhi na la jioni lipige kuta fupi. Ramani sanifu haijui kaskazini ni wapi. Ikifika saiti inageuzwa itazame barabara, kwa sababu barabarani ndiko mgeni rasmi atakakotokea. Ndiyo unakuta wodi ndefu imeelekea magharibi na wagonjwa wa kitanda cha dirishani wametundika khanga kuzuia jua. Khanga ikizuia jua inazuia na upepo. Njombe nako madirisha yanafungwa kwa baridi, na kwa kuwa hakuna tundu la juu lisilofungika, wodi inakesha ikivuta hewa yake yenyewe.

Sasa tutoke nje, kwenye njia. Kanuni inayotajwa sana kwa upasuaji wa dharura wa mjamzito ni dakika 30 tangu daktari aamue mpaka mtoto atoke. Humo kuna kuita timu, kuchukua damu, kumwandaa mama, ganzi. Safari kutoka leba hadi thieta inatakiwa ile dakika chache tu. Katika hospitali moja ya wilaya niliona safari hiyo. Njia ya zege yenye paa jembamba, mvua ikiingia kwa ubavu. Machela yenye magurudumu madogo yanayotetemeka kwenye kila kiungio cha zege. Muuguzi mmoja akisukuma, mwingine akishika dripu juu na pembe ya kitenge cha mama isiburute. Mlangoni mwa thieta kulikuwa na kizingiti, kimo cha vidole vinne hivi. Wakasimama, wakainua magurudumu ya mbele, wakahesabu mbili tatu, wakainua ya nyuma. Walifanya hivyo kwa mazoea ya watu waliokwisha sahau kwamba kizingiti hakikutakiwa kuwepo.

Hakuna aliyeamua kukiweka. Njia ilimwagwa na fundi mmoja, thieta ikaja kwenye awamu nyingine na fundi mwingine, na sakafu mbili hazikukutana. Ndivyo inavyokuwa fedha zikija kwa mafungu bila mpango kabambe wa eneo zima. Awamu ya kwanza inachagua sehemu tambarare nzuri ya kiwanja. Awamu ya pili inachukua iliyobaki. Kufika awamu ya nne, wodi ya watoto iko bondeni, na mochwari, kwa kuwa ilisahaulika, imewekwa palipobaki nafasi, gari la maiti likipita mbele ya wanawake waliokaa kwenye jua na vichanga. Ukitaka kuongeza chumba cha wagonjwa mahututi unakuta tangi la maji taka liko hapo chini. Nafasi ile iliyoisaidia Ocean Road baada ya karne nzima, sisi tunaimaliza ndani ya miaka mitano.

Milango nayo inanunuliwa kama ya nyumba ya kuishi. Sentimita 90 zinamtosha mtu anayetembea. Machela ikiwa na mgonjwa, mtungi wa oksijeni na mtu ubavuni inataka mlango wa mbao mbili, mita moja na nusu hivi.

Halafu kuna watu ambao hakuna ramani inayowatambua kabisa: ndugu. Mgonjwa wa kwetu halazwi peke yake. Nyuma yake kuna mama mkubwa aliyekuja na ndoo, sufuria na shuka, kuna shemeji wa kwenda kununua dawa isiyopatikana dirishani, kuna shangazi anayesubiri majibu. Wodi yenye muuguzi mmoja usiku inaendeshwa na hao: wanageuza mgonjwa, wanamlisha, wanamwaga mkojo. Ramani inaonyesha nyasi na miti ya mapambo mahali ambapo wao watapika, watafua, wataanika kwenye michongoma na kulala juu ya mkeka. Kisha uongozi unabandika tangazo: ni marufuku kuanika nguo hapa. Hospitali nyingi za misheni ziliwaelewa mapema, zikajenga banda la mafiga, karo la kufulia na bomba. Kwa wajawazito wanaotoka mbali kuna nyumba za kusubiria kujifungua, ambazo sehemu nyingine zinaitwa chigonela. Hizi si huruma. Ndugu akipewa choo na bomba lake, hatatumia la wodi, na kipindupindu kikija hilo lina uzito.

Wanasiasa wetu, wakichoka na majengo ya chini, wanarukia ghorofa. Bugando ya Mwanza na Kenyatta ya Nairobi zimekwenda juu, na hospitali za rufaa zina sababu ya kufanya hivyo: ardhi ya mjini ni ghali na idara zinahitaji kukaribiana. Zina pia wahandisi na mafundi wa lifti. Hospitali ya wilaya ina fundi umeme mmoja anayehudumia na shule za sekondari. Ghorofa mbili bila njia ya mteremko wa kusukuma machela, umeme ukikatika, zinageuka kazi ya kubeba watu mgongoni.

Nitaambiwa fedha hazitoshi. Kuelekeza jengo kaskazini na kusini hakuna gharama. Tundu la juu la matofali ya kupitisha hewa ni rahisi kuliko dari ya jipsamu. Ramani sanifu nazo si lazima zifutwe. Ziwe tatu badala ya moja, ya nyanda za juu, ya kati kwenye joto kavu, na ya pwani kwenye unyevu. Na kabla ya kuchimba msingi, chora jengo zima ardhini kwa chokaa, ukubwa wake halisi. Mwite muuguzi wa leba, mfua nguo, mhudumu wa mochwari, na mama mmoja aliyewahi kuuguza kwa mwezi mzima. Wape machela wasukume ndani ya mistari, wageuke kona, wapishane. Watasema mlango upanuliwe, watasema kona hii haipiti, na fundi atafuta mstari kwa mguu na kuchora mwingine.

Kigumu ni watu. Mhandisi wa halmashauri ana madarasa, vyoo vya shule na zahanati mikononi mwake, na hospitali ni kazi moja tu kati ya hizo. Kila mkoa ungehitaji angalau mchoraji mmoja mwenye ujuzi wa hospitali, anayelala saiti kipindi cha msingi na kipindi cha madirisha, ndiyo nyakati mbili ambazo makosa huingia na kukaa. TAMISEMI, ofisi ya serikali inayosimamia halmashauri, inaweza kuanza na halmashauri ambazo bado zinasubiri awamu zinazofuata, ambako kati ya jengo na jengo ardhi ingali tupu.